Nyumba Moja kwa Bei ya Tatu: Historia ya Mkopo wa Nyumba na Swali la Nani Hulipia Muda

Mtumishi wa umma anayekopa shilingi milioni 60 ili anunue nyumba, kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka na kwa muda wa miaka 20, atakuwa amelipa zaidi ya shilingi milioni 200 siku atakapomaliza deni lake. Amenunua nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu na ushei. Hakuna aliyemwibia. Mkataba ameusaini mwenyewe, sheria imefuatwa, na benki imetoza riba ambayo kwa soko letu ni ya kawaida kabisa.

Mjadala wa jambo hili nchini huishia mahali pawili. Wengine husema benki ni nyonyaji, wengine husema mkopaji hakusoma mkataba. Kauli zote mbili zina chembe ya ukweli, lakini zote mbili hazina historia. Hoja ya makala haya ni kwamba kinachouzwa katika mkopo wa nyumba ni muda: haki ya kuishi leo ndani ya nyumba ambayo jasho lako lingeifikia baada ya miaka mingi. Muda huo haujawahi kuwa wa bure mahali popote. Kilichobadilika kutoka zama hadi zama ni nani anayetwishwa gharama yake, na kama gharama hiyo huonekana au hufichwa.

Kabla ya benki: bei ya khiyari

Katika pwani yetu, nyumba na shamba vilikuwa dhamana ya deni muda mrefu kabla ya benki kuenea. Uchumi wa Zanzibar ya karne ya 19 ulisimama juu ya karafuu, na karafuu zilisimama juu ya mkopo. Mwenye shamba alihitaji fedha kabla ya mavuno. Mfanyabiashara, mara nyingi mwenye asili ya Kihindi, alikuwa nazo. Kwa kuwa sheria ya Kiislamu inaharamisha riba, mapatano mengi yaliandikwa kwa sura ya bei ya khiyari. Mwenye mali “aliuza” nyumba au shamba lake kwa kiasi kilichotajwa, akabaki na hiari ya kulikomboa kwa kurudisha kiasi hicho ndani ya muda uliowekwa. Wakati huohuo aliendelea kulitumia kwa kumlipa “mnunuzi” kodi.

Kodi hiyo ndiyo iliyokuwa bei ya muda, na haikupunguza deni hata kwa senti moja. Aliyelipa kodi kwa miaka kumi alikuwa bado anadaiwa kiasi kilekile alichopokea siku ya kwanza. Mavuno yakiwa mazuri na bei ikiwa juu, mali ilikombolewa. Bei ya karafuu ikianguka, khiyari ilipita na mali ikabaki kwa mdai.

Mdororo wa uchumi wa dunia ulipoikumba Zanzibar miaka ya 1930, sehemu kubwa ya mashamba ilikuwa imefungwa katika madeni ya namna hiyo. Mwaka 1934 serikali ya kikoloni ilitoa amri za kudhibiti uhamishaji wa ardhi ya Waarabu na Waafrika kwenda kwa wadai wao, na mwaka 1938 ikafuata sheria ya kuyamaliza madeni hayo kwa usuluhishi. Huruma haikuwa sababu pekee. Serikali iliogopa kuanguka kwa tabaka la wenye mashamba ambalo utawala wake uliliegemea. Tujifunze kutoka hapo kwamba deni la nyumba na ardhi linapokuwa kubwa mno huacha kuwa jambo la mkopaji na mkopeshaji. Hugeuka kuwa jambo la dola.

Upatu wa Birmingham

Mkopo wa nyumba tunaoufahamu leo, unaolipwa kwa marejesho ya kila mwezi mpaka deni liishe, una chimbuko lingine. Mwaka 1775, katika nyumba ya wageni iliyoitwa Golden Cross mjini Birmingham, Uingereza, mwenye nyumba hiyo, Richard Ketley, alikuwa mlezi wa chama cha kujenga ambacho wanahistoria hukihesabu kuwa cha kwanza. Vyama vya aina hiyo vilifanya kazi kwa namna ambayo mama yeyote wa Kariakoo ataitambua mara moja. Wanachama walichanga kila mwezi. Mchango ulipotosha, mmoja wao alipata fedha za nyumba. Aliyekwisha kupata aliendelea kuchanga mpaka wote wapate, kisha chama kikavunjwa. Huo ni upatu.

Katika upatu, gharama ya muda huonekana kwa macho. Aliyepokea kwanza anaishi nyumbani kwake; aliyepokea mwisho amesubiri miaka yote hiyo akipanga kwa watu. Tangu miaka ya 1840 vilianza kuenea vyama vya kudumu, ambavyo havikuvunjwa na ambavyo vilipokea akiba hata kwa watu wasiotaka nyumba. Watu hao hawakungoja zamu, walitaka riba. Hapo ndipo kusubiri kulipogeuzwa kuwa bidhaa yenye bei, na ndipo mkopaji na mwenye akiba walipoacha kufahamiana.

Muda mrefu wa miaka 20 au 30 nao haukuzaliwa na soko peke yake. Nchini Marekani, kabla ya miaka ya 1930, mikopo mingi ya nyumba ilikuwa ya miaka michache tu, na mara nyingi mkopaji alilipa riba, kisha akatakiwa kulipa deni lote kwa mkupuo au kuomba mkopo mpya. Mdororo ulipowanyima watu mikopo mipya, nyumba zilitwaliwa kwa wingi. Mwaka 1933 serikali ya Rais Roosevelt iliunda shirika la kununua na kuandika upya mikopo iliyoshindikana, na mwaka 1934 ikaunda mamlaka ya kuikatia bima mikopo ya muda mrefu. Benki zilikubali kungoja miongo kwa sababu dola ilikubali kubeba hatari. Hata hivyo, dola ilichagua wa kumbebea: mitaa ya Wamarekani weusi iliachwa nje ya mpango huo kwa makusudi, na madhara yake katika utajiri wa familia zao yanaonekana mpaka leo.

Benki ya Nyumba Tanzania

Tanganyika ilipopata uhuru, mkopo wa nyumba ulikuwa jambo la Wazungu na Waasia wachache wenye hati. Waafrika wengi wa mijini walikuwa na haki dhaifu juu ya viwanja vyao, haki ambazo hakuna mkopeshaji aliyezikubali kuwa dhamana. Serikali mpya ilianza na ujenzi: Shirika la Nyumba la Taifa liliundwa mwaka 1962. Mwaka 1971 ilifuata sheria ya kutwaa majumba ya kupangisha yenye thamani inayozidi shilingi 100,000. Ujumbe ulikuwa wazi: nyumba ya kuishi ni haki, nyumba ya kuvuna kodi ni unyonyaji.

Ili haki hiyo ipate fedha, Benki ya Nyumba Tanzania, iliyojulikana kwa kifupi THB, ilianza kazi mwaka 1973 na kurithi shughuli za kampuni ya Permanent Housing Finance. Neno hilo “Permanent” katika jina la kampuni lilikuwa mwangwi wa vile vyama vya kudumu vya Uingereza. Benki ilipata fedha kutoka akiba za wananchi, mashirika ya umma, na mfuko wa nyumba za wafanyakazi na wakulima uliochangiwa na waajiri kwa asilimia 2 ya mishahara. Mradi wa viwanja na huduma ulioanza mwaka 1974 kwa msaada wa Benki ya Dunia ulipima Sinza, Kijitonyama na Mikocheni, na THB ikapewa kazi ya kuwakopesha waliopewa viwanja. Atakayepita katika mitaa hiyo leo atajionea jinsi viwanja vingi vilivyokusudiwa wenye kipato kidogo vilivyohamia mikononi mwa wenye nacho.

Riba za wakati huo zilipangwa na serikali, na zilipangwa chini. Katika miaka ya 1980 mfumuko wa bei ulizidi asilimia 25 kwa miaka mingi, huku riba ikibaki nyuma yake. Tuchukue mfano wa kufikirika. Mtu ana rejesho lisilobadilika la shilingi 1,000 kwa mwezi, na bei za bidhaa zinapanda kwa asilimia 30 kila mwaka. Baada ya miaka mitano, shilingi 1,000 yake ina nguvu ya kununua sawa na shilingi 270 za siku alipokopa. Kwake mkopo umekuwa karibu zawadi. Wazee wetu wanaosimulia kwamba zamani mkopo wa nyumba ulikuwa mwepesi hawasemi uongo.

Lakini zawadi hiyo ilitoka wapi? Haikutoka hewani. Ilitoka kwa mwenye kitabu cha akiba ambaye fedha zake ziliyeyuka kwa kasi ileile ambayo deni la mwingine liliyeyuka. Ilitoka katika mfuko uliochangwa kwa jina la wafanyakazi na wakulima, ambao wengi wao hawakuona mkopo. Na mwisho ilitoka katika uhai wa benki yenyewe, maana fedha zilizorudi hazikutosha kujenga nyumba nyingine kama ile ya kwanza, na nyingine hazikurudi kabisa. Mwaka 1995 THB ilifungwa. Kwa zaidi ya muongo mmoja baadaye, mkopo wa nyumba wa muda mrefu ulikaribia kutoweka nchini. Kizazi kilichofuata kililipia urahisi wa kizazi kilichotangulia kwa kukosa mkopo.

Hesabu ya leo

Mkopo uliorudi ulikuja na sheria mpya. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 ilifanyiwa marekebisho mwaka 2004, na mwaka 2008 zikatungwa sheria ya mikopo ya nyumba na sheria ya umiliki wa sehemu za majengo, ambayo imewezesha kumiliki fleti moja kwa hati yake. Kwa jumla, marekebisho hayo yalimpa mkopeshaji uhakika zaidi wa kuuza dhamana pale mkopaji anaposhindwa. Mwaka 2010 iliundwa kampuni ya TMRC, inayozikopesha benki fedha za muda mrefu ili nazo zikopeshe wanunuzi wa nyumba. Mikopo imeongezeka, lakini jumla yake haijafikia hata asilimia 1 ya pato la taifa, na riba katika miaka ya karibuni zimekuwa kati ya asilimia 15 na 19 hivi.

Turudi sasa kwenye zile shilingi milioni 60. Kwa asilimia 16 na miaka 20, rejesho la kila mwezi ni shilingi 834,754. Riba ya mwezi wa kwanza peke yake ni shilingi 800,000. Maana yake, katika rejesho la kwanza, kinachopunguza deni ni shilingi 34,754 tu. Mwezi wa pili kinachopunguza deni huongezeka kidogo, na wa tatu kidogo zaidi, lakini mwendo ni wa kinyonga. Baada ya miaka mitano mkopaji amelipa shilingi milioni 50, na bado anadaiwa karibu milioni 57. Baada ya miaka 10 amelipa zaidi ya milioni 100, na deni lililobaki ni karibu milioni 50. Nusu ya deni haimaliziki mpaka unapokaribia mwaka wa 16.

Ulinganishe mkopaji huyu na yule mwenye shamba la karafuu. Tunaambiwa kwamba rejesho la kila mwezi hupunguza deni, na ni kweli kwa maandishi. Lakini katika miaka ya mwanzo hali yake haitofautiani sana na kodi ya bei ya khiyari. Mkopaji akipoteza kazi mwaka wa sita, nyumba ikauzwa kwa bei ya haraka, yaelekea atatoka mikono mitupu baada ya kulipa fedha zinazokaribia bei yote ya nyumba.

Yapo mambo mawili ambayo haki inatutaka tuyaseme. Kwanza, shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Tukichukua mfumuko wa bei wa asilimia 4 kwa mwaka, rejesho la mwisho litakuwa na thamani ya shilingi 375,000 hivi za leo, na malipo yote yatakuwa na thamani ya karibu shilingi milioni 138 za leo. Hiyo ni nafuu kuliko milioni 200, lakini bado ni zaidi ya mara mbili ya bei ya nyumba. Mfumuko uliomtajirisha mkopaji wa THB hauwezi kumwokoa wa leo, kwa sababu riba ya leo inaupita mbali. Pili, asiyekopa naye hulipia muda. Anayejenga kidogokidogo, tofali kwa tofali, huku amepanga, hulipa kodi ya nyumba kwa miaka, hununua saruji kwa bei inayopanda, na huacha mtaji wake umelala katika kuta zisizo na paa. Tofauti ni kwamba yeye hana anayeweza kumtoa nje siku mshahara ukikatika.

Mkopaji afahamu pia kwamba rejesho si gharama yote. Yapo malipo ya tathmini, ya wanasheria, ya usajili wa rehani, na bima ya maisha na ya nyumba. Iko sehemu ya bei ambayo mnunuzi hutakiwa kuitoa mwenyewe kabla ya benki kuweka fedha. Iko kodi ya pango la ardhi, na kodi ya majengo ambayo tangu mwaka 2021 hukatwa kupitia LUKU. Kama riba si ya kudumu, benki yaweza kuipandisha katikati ya safari. Na nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi wa ndoa. Sharti hilo la sheria limeokoa familia nyingi, wala lisichukuliwe kama karatasi ya kusaini harakaharaka.

Gharama iliyo ngumu kuonekana kuliko zote ni ya muda wenyewe. Mkopo uleule wa milioni 60, kwa riba ileile, ukilipwa kwa miaka 15 badala ya 20, rejesho la mwezi ni shilingi 881,220. Ongezeko ni shilingi 46,466 kwa mwezi. Jumla ya malipo hushuka kutoka milioni 200 hadi karibu milioni 159. Miaka mitano ya ziada, ambayo afisa mikopo huieleza kama “kukupunguzia mzigo”, inauzwa kwa zaidi ya shilingi milioni 41.

Nani alipe?

Wapo watakaosema dawa ni serikali kuamuru riba ishuke. Ni kweli kwamba kwa riba ya asilimia 8 mkopo huu ungegharimu milioni 120 badala ya 200. Lakini historia ya THB inatudai tuulize: hizo milioni 80 zitatoka kwa nani? Riba ikishushwa kwa amri bila chanzo cha fedha kinachojulikana, gharama haifutiki. Huhamia kwa mwenye akiba, kwa mlipakodi, au kwa kizazi kitakachokuta benki imefungwa.

Lipo jambo jingine ambalo watumishi wenzangu wa umma hawapendi kulisikia. Dola yenyewe ni mshindani wa mnunuzi wa nyumba. Hatifungani za serikali za miaka 20 na 25 zimewahi kulipa riba inayozidi asilimia 15. Benki au mfuko wa pensheni unaoweza kuikopesha serikali kwa kiwango hicho bila kufuatilia mdaiwa wala kuuza dhamana, utamkopesha mwalimu wa Singida kwa pungufu kwa sababu gani? Riba ya nyumba haitashuka kwa kudumu mpaka gharama ya serikali kukopa ishuke kwanza. Ndiyo maana bajeti ya taifa, ambayo wengi huiona kama jambo la wataalamu, inaingia mpaka chumbani mwa kila mpangaji. Na fedha za mifuko ya pensheni ni akiba ya wafanyakazi walewale wanaopanga. Namna zinavyowekezwa ni swali la kisiasa, na vyama vya wafanyakazi vina haki ya kuliuliza.

Yapo pia yanayowezekana bila kungoja bajeti. Kila mkataba wa mkopo wa nyumba uoneshe katika ukurasa wake wa kwanza, kwa tarakimu kubwa na kwa Kiswahili, jumla ya shilingi zitakazolipwa mpaka mwisho, pamoja na jedwali la deni litakalobaki kila mwaka. Mkopaji alinganishe miaka 10, 15 na 20 kabla ya kuchagua. Asikubali kupimwa kwa theluthi mbili za mshahara kana kwamba kinachoruhusiwa kukatwa ndicho kinachofaa kukatwa. Aulize mapema kama ataadhibiwa akilipa kabla ya muda, kwa sababu shilingi ya ziada inayolipwa mwaka wa kwanza huua riba ya miaka 19 inayofuata.

Mwenye shamba wa Zanzibar alijua anachokilipia: kodi ilikuwa kodi na deni lilikuwa deni. Mkopaji wa THB hakuhitaji kujua, kwa sababu wengine walimlipia. Wa leo ndiye anayelipa karibu gharama yote ya muda mwenyewe, naye ndiye anayeoneshwa tarakimu moja tu, ile ya mwezi. Kama taifa tunaweza kukubaliana kumsaidia, au kukubaliana kutomsaidia. Hiyo ni siasa, na watu waungwana wanaweza kutofautiana. Kumficha jumla si siasa wala biashara ya haki. Tuanze kwa kumwonesha.